Mahakama haichagui profesa

Haya ni maneno niliyoyasema mbele ya mkutano wa wanataaluma na maofisa utumishi wa vyuo vikuu. Waliokosa kufika waliomba wapate yote, nami nimeyaacha kama yalivyotoka mdomoni, isipokuwa zile picha za ukutani ambazo hapa hazina kazi.

Mheshimiwa Mwenyekiti, maprofesa wetu, wahadhiri, na ninyi ndugu zangu wa idara ya utumishi mliokaa safu ya nyuma kana kwamba mmeitwa kujibu mashtaka: hamjambo?

Nianze na swali. Mtu amekosa uprofesa. Anaamini kabisa kwamba aliyeipata nafasi ile hana sifa. Anakwenda mahakamani. Anakwenda kuomba nini?

Wengi wanaokuja ofisini kwangu wana jibu moja. Wanataka jaji asome machapisho yao, asome na ya mwenzao, kisha aseme nani zaidi. Wanakuja na mkoba umejaa majarida. Nawaambia majarida yarudi nyumbani, niletee tangazo la kazi. Wananitazama kama nimewatukana.

Ndugu zangu, mahakama haichagui profesa. Nitalirudia hilo mpaka mlichoke. Haichagui profesa wa fizikia, haichagui profesa wa historia, haichagui hata profesa wa sheria, ambaye mngedhani jaji anamjua vizuri.

Mwaka 1963 Mahakama ya Juu ya India ilisikiliza kesi ya Chuo Kikuu cha Mysore. Nafasi iliyogombaniwa ilikuwa ya Rida wa Kiingereza, cheo kilicho chini kidogo ya uprofesa. Tangazo lilitaka mtu mwenye shahada ya uzamili ya daraja la kwanza au daraja la pili la juu kutoka chuo cha India, au shahada ya nje inayolingana nayo. Aliyeteuliwa alikuwa amepata asilimia 50.2 katika uzamili wake wa nyumbani. Mpinzani wake akaomba amri ile ya kale inayomtaka mtu aeleze kwa mamlaka gani amekalia kiti. Mahakama Kuu ikakubaliana naye: asilimia 50.2 si daraja la pili la juu, uteuzi ukafutwa. Lakini mteuliwa huyo alikuwa pia na shahada ya uzamili kutoka Durham, Uingereza, na jopo la wataalamu lilikuwa limemwona anafaa. Mahakama ya Juu ikaurudisha uteuzi, ikasema kwamba mahakama ziwe nzito kuingilia maoni ya wataalamu ambao hawadaiwi kuwa na nia mbaya, maana wao ndio wanaolijua jambo hilo kuliko majaji. Kauli hiyo imenukuliwa tangu wakati huo katika kesi nyingi za vyuo, na wanaoinukuu zaidi ni mawakili wa vyuo.

Sasa msipige makofi ninyi wa safu ya nyuma. Bado sijamaliza.

Kama mahakama haichagui profesa, kwa nini vyuo vinashindwa kesi? Na vinashindwa! Vinashindwa kwa sababu kuna maswali mawili, na watu huyachanganya. Swali la kwanza: je, huyu ana sifa ya kuomba? Swali la pili: je, huyu ni bora kuliko wenzake? La pili ni la wataalamu. La kwanza ni la kanuni, na jaji anajua kusoma kanuni. Mwombaji asiye na sifa hawi na sifa kwa sababu ya kung'ara kwenye usaili. Hata kama kamati nzima ilisimama kumshangilia.

Mtasema: sifa si zimeandikwa wazi? Hebu tuangalie. Kanuni za mwaka 2018 za tume inayosimamia vyuo vikuu India zinamtaka anayeomba uprofesa kwa njia ya kawaida awe na shahada ya uzamivu, uzoefu wa kufundisha au wa utafiti wa ngazi hiyo usiopungua miaka 10, machapisho yasiyopungua 10 katika majarida yanayopitiwa na wataalamu au yaliyoorodheshwa na tume, alama 120 za utafiti, na ushahidi kwamba amemsimamia mwanafunzi wa uzamivu. Namba tupu. Nani atagombana na namba?

Watu wamegombana. Katika jimbo la Kerala, chuo kikuu kimoja kilimweka mwombaji mmoja nafasi ya kwanza kwa kazi ya profesa mshiriki, ambayo inadai miaka 8 ya kufundisha. Miaka yake mwenyewe ilikuwa na mchanganyiko. Mingine alikuwa darasani. Mingine alikuwa masomoni akisomea uzamivu huku akilipwa mshahara chini ya mpango wa kuendeleza walimu. Mingine alikuwa ameazimwa kusimamia huduma za wanafunzi. Je, kusoma ukiwa kwenye mshahara ni kufundisha? Je, kusimamia huduma za wanafunzi ni kufundisha? Novemba 2022 jaji mmoja wa Mahakama Kuu alisema hapana, orodha ikapitiwe upya. Juni 2023 majaji wawili wa mahakama hiyohiyo, kwenye rufaa, wakasema ndiyo, miaka ile inahesabika. Kesi ikazidi kupanda juu. Faili lilelile, kanuni zilezile, majibu mawili.

Nawauliza ninyi mnaoandika matangazo: mmewahi kuandika ni nini *hasa* mnachokihesabu? Nimeshika tangazo lililosema "uzoefu wa kutosha wa kufundisha ngazi ya chuo kikuu". Wa kutosha kwa nani? Kufundisha kwa mkataba wa saa kunahesabika? Likizo ya masomo? Miaka katika taasisi ya utafiti isiyo na wanafunzi wa shahada ya kwanza? Ukuu wa idara? Mkiyaacha maneno hayo yaning'inie, atakayeyajaza ni wakili, na hatayajaza kwa faida yenu. Kwa maoni yangu, na nimeona mafaili ya kutosha kuwa na maoni, ugomvi mwingi wa uprofesa huanzia kwenye tangazo. Usaili ni mahali unapoonekana tu.

Na tarehe. Jamani, tarehe! Mwombaji ametetea tasnifu yake, wahakiki wameridhika, ila seneti haijamtunuku shahada. Maombi yanafungwa Ijumaa, seneti inakaa wiki ijayo. Ana sifa au hana? Mahakama ya Juu ya India mwaka 1997 ilisimama kwenye msimamo mkali: pale tangazo linapotaja siku ya mwisho ya kupokea maombi, sifa zinapimwa kwa siku ile. Aliyeipata baadaye, hata kabla ya usaili, amechelewa. Inauma? Inauma sana. Lakini fikirini upande wa pili: yupo mtu ambaye hakuomba kabisa, kwa sababu alisoma tangazo akajiona hajafika, akatii. Mkimpokea aliyechelewa, huyo aliyetii mnamwambia nini? Yeye hayupo kwenye chumba cha usaili, hayupo kwenye faili, wala hana wakili. Jaji ndiye anayemkumbuka.

Kama mnataka kuwapokea waliotetea lakini hawajatunukiwa, andikeni hivyo kwenye tangazo. Ni sentensi moja. Hakuna anayewazuia.

Hapo ndipo nifike kwenye jambo linaloniudhi kuliko yote: vigezo vinavyozaliwa baada ya waombaji kuonekana. Novemba 2024 majaji watano wa Mahakama ya Juu ya India walitoa uamuzi katika kesi iliyokuwa imedumu miaka. Haikuwa ya maprofesa, ilikuwa ya nafasi 13 za watafsiri katika Mahakama Kuu ya Rajasthan. Watu walifanya mtihani na usaili, halafu ndipo ikaamuliwa kwamba aliyepata chini ya asilimia 75 hachukuliwi. Majaji wakasema: sheria za mchezo hazibadilishwi katikati ya mchezo, isipokuwa kanuni zenyewe ziwe zinaruhusu na mabadiliko yasiwe ya kionevu. Lakini sikilizeni na nusu ya pili, ambayo walalamikaji hupenda kuiruka. Kamati inaweza kuweka viwango vya kila hatua, mradi iviweke kabla hatua hiyo haijafikiwa. Kwa hiyo mkitaka alama za usaili, mkitaka somo la mfano mbele ya wanafunzi, mkitaka kupima fedha za utafiti, wekeni. Wekeni kabla.

Niliwahi kushika karatasi ya alama ya chuo kimoja, sitakitaja. Safu zilikuwa zimechapwa kwa kompyuta: machapisho, ufundishaji, usimamizi wa wanafunzi, huduma kwa jamii. Pembeni kabisa, kwa kalamu ya bluu, mtu alikuwa amechora safu ya tano kwa rula na kuandika juu yake "uwezo wa kuleta fedha". Alama 15. Wajumbe wote watano walikuwa wamempa mtu mmoja 14 au 15, na mteja wangu 3, 3, 4, 3, 2. Ukiiondoa ile safu ya bluu, mteja wangu anaongoza kwa alama 6. Nilimuuliza ofisa utumishi kwenye kiapo: safu hii iliongezwa lini? Akasema, "Siku ya usaili." Kabla au baada ya waombaji kuingia? Akainamisha kichwa, akaanza kusaka miwani yake. Chuo kilitangaza nafasi upya kabla jaji hajafika kuandika hukumu.

Je, fedha za utafiti ni kigezo kibaya? Hata kidogo! Ni kigezo kizuri. Kosa lake ni kalamu ya bluu.

Tuingie chumbani sasa. Nani anakaa kwenye kamati?

Wahenga walisema kesi ya ngedere, hakimu nyani. Mwaka 1969, katika kesi ya Kraipak huko India, ngedere alikuwa hakimu na pia mshitaki. Kamati ilikuwa inachagua maofisa wa misitu kutoka Jammu na Kashmir, na kaimu mkuu wa misitu aliketi kama mjumbe huku yeye mwenyewe ni mwombaji. Lilipofika jina lake, alitoka nje kwa heshima zote. Yalipojadiliwa majina ya wapinzani wake, alikuwa ndani. Orodha ilipopangwa, alikuwa ndani. Mkidhani jina lake lilitokea wapi kwenye orodha, mmekisia sawa: la kwanza. Serikali ikajitetea kwamba kamati ile ilikuwa inapendekeza tu, uamuzi ni wa ngazi ya juu. Mahakama haikukubali. Uteuzi ukaenda na maji.

Wangapi humu ndani mmewahi kusikia, "Profesa fulani alitoka jina la mwanafunzi wake lilipofika"? Sasa mnajua kutoka kwa namna hiyo kunatosha au hakutoshi. Anayewapanga wapinzani wa mtu wake ameshampanga mtu wake.

Najua mtakalosema, na mna haki. Katika fani ndogo kila mtu anamjua kila mtu. Wataalamu wa lugha fulani iliyokufa wako wachache duniani, na wote wamekula meza moja kwenye makongamano. Sawa. Kukutana kwenye kongamano si upendeleo. Lakini aliyemsimamia mwombaji uzamivu wake, aliyeandika naye makala juzi, ndugu yake, mwenye kesi naye: hao wakae pembeni kwa mchakato mzima, na jambo hilo liandikwe kwenye kumbukumbu za kikao siku ileile.

Na ninyi waombaji, hapa kuna mtego. Mwaka 1976 ilifika mbele ya Mahakama ya Juu ya India kesi ya uprofesa wa anthropolojia katika Chuo Kikuu cha Lucknow. Mlalamikaji alidai wajumbe wa kamati walikuwa na upendeleo kwa mpinzani wake. Mahakama ikamuuliza: uliyajua haya kabla ya kuingia kwenye usaili? Aliyajua. Ulipinga? Hakupinga. Aliingia, akajibu maswali, akasubiri matokeo, na yalipokuwa mabaya ndipo akakumbuka kwamba kamati haifai. Akashindwa. Mtu hawezi kujaribu bahati yake kwa kamati na kuikataa kamati hiyohiyo ikishamwangusha.

Mnaona ugumu wake? Nani ana ujasiri wa kuiandikia kamati, siku tatu kabla ya usaili, kwamba mjumbe wenu hafai? Wachache. Mimi mwenyewe naiona kanuni hii ni kali mno kwa mtu asiye na wakili. Lakini ndiyo iliyopo katika nchi nyingi kwa sura moja au nyingine, kwa hiyo andika. Barua fupi, ya adabu, isiyomtukana mtu: nimemwona fulani kwenye orodha ya wajumbe, amewahi kufanya kazi hii na hii na mwombaji mwingine, naomba kamati ilitazame, nami nitahudhuria usaili bila kupoteza haki yangu. Tunza nakala yenye muhuri wa mapokezi. Basi.

Sasa nataka kuwapeleka Sweden, kwa sababu kesi hii ni tamu na ina funzo kwa pande zote. Juni 1996 Chuo Kikuu cha Göteborg kilitangaza kiti cha uprofesa wa sayansi ya haidrosfia, yaani maji yote ya dunia. Waliomba watu wanane. Wakati huo kulikuwa na kanuni maalumu ya mwaka 1995 kwa ajili ya viti kadhaa vya uprofesa: mwombaji wa jinsia yenye wachache, akiwa na sifa za kutosha, apewe nafasi hata kama wa jinsia nyingine amemzidi, mradi tofauti isiwe kubwa mno.

Kamati ikapiga kura mara mbili. Mara ya kwanza kwa kigezo cha sayansi peke yake: mwanamume mmoja akapata kura 5, mwanamke mmoja 3. Mara ya pili kwa sayansi pamoja na ile kanuni: mwanamke 6, mwanamume 2. Mnaona uaminifu wao? Waliandika kura zote mbili. Kisha mwanamke yule akajitoa. Rekta, yaani mkuu wa chuo, akawarudishia kazi, na wengi wa wajumbe wakasema tofauti kati ya yule mwanamume na mwanamke aliyefuata ni kubwa. Novemba 1997 rekta akamteua huyo mwanamke aliyefuata hata hivyo. Wawili wakakata rufaa, na mmoja wao alikuwa mwanamke pia, aliyedai kwamba sifa zake zinamzidi mteuliwa. Mambo hayakuwa wanaume dhidi ya wanawake kama magazeti hupenda.

Julai 2000 Mahakama ya Haki ya Ulaya ikaamua kwamba kanuni ile haikubaliki. Kumpendelea wa jinsia yenye wachache pale wawili wanapolingana, au karibu kulingana, na kila mmoja akitazamwa kwa haki, inawezekana. Kumpitisha aliyezidiwa kwa sababu ya jinsia peke yake, hapana, hata kama viti ni vichache.

Niwe mkweli, sipendi watu wanavyoitumia hukumu hii kudai kwamba kila juhudi ya kuwaingiza wanawake kwenye uprofesa ni haramu. Haikusema hivyo. Na jiulizeni: huo "ubora" unaopimwa kwa idadi ya machapisho, nani alipata muda wa kuyaandika, na nani alikuwa analea? Hilo ni la kwenye vigezo, kabla ya tangazo, si la kusukumwa na rekta mwishoni. Ila kamati ya Göteborg naisifu kwa jambo moja: ilifanya kazi ambayo mtu wa nje angeweza kuifuata hatua kwa hatua. Sisi tunaandika nini kwenye kumbukumbu zetu? "Baada ya majadiliano marefu, kamati ilimwona Dkt. fulani anafaa." Majadiliano gani? Anafaa kwa nini?

Mtaniambia ni siri. Barua za watathmini wa nje ni za siri, zikitoka nje hakuna atakayeandika ukweli tena. Hoja hiyo ilifika Mahakama ya Juu ya Marekani. Mhadhiri mmoja mwanamke wa Chuo Kikuu cha Pennsylvania alikuwa amenyimwa ajira ya kudumu, akadai amebaguliwa kwa jinsia, rangi na asili yake, na kwamba wanaume watano wasiomzidi walitendewa vizuri zaidi. Tume ya kusimamia usawa kazini ikataka mafaili, yake na ya wale watano. Chuo kikakataa: siri ya tathmini, uhuru wa taaluma. Januari 1990 majaji wote, bila hata mmoja kupinga, wakasema chuo hakina kinga hiyo. Penye dai la ubaguzi, ushahidi mara nyingi umo humohumo kwenye mafaili.

Kwa hiyo unapoandika tathmini ya mwenzako, andika kana kwamba siku moja itasomwa kwa sauti mahakamani, wewe ukiwa umekaa benchi la mbele. Hilo halikuzuii kuwa mkali. Linakuzuia kuandika "hana haiba".

La mwisho ni muda, na hapa nitakwenda haraka kwa sababu Mwenyekiti ananionyesha saa. Ujerumani, katiba yao, ibara ya 33, inasema kazi za umma zitolewe kwa uwezo, sifa na utendaji. Aliyekosa uprofesa anaweza kwenda mahakamani. Lakini akisubiri mwenzake akabidhiwe hati ya uteuzi, kwa kawaida maji yameshamwagika: cheo kilichokwisha kutolewa kihalali hakinyang'anywi kirahisi. Ndiyo maana wenyewe wana utaratibu wa kuwaarifu walioshindwa kwanza, na chuo kinasubiri, kwa desturi wiki mbili, kabla ya kukabidhi hati. Mahakama yao ya juu ya utawala ilisema mwaka 2010 kwamba mwajiri akikabidhi hati kwa haraka ili kumziba mwenzake njia ya mahakamani, uteuzi huo unaweza kufutwa. Vyuo visivyo na utaratibu kama huo vingeuiga kesho, havitapoteza kitu.

Na ukishinda, unashinda nini? Wateja wangu hukasirika ninapowaambia. Mara nyingi hushindi kiti. Unashinda mchakato urudiwe, na watu walewale uliowashitaki wanaweza kuwa ndio wanaotangaza upya. Wapo walioshinda kesi na kukosa uprofesa mara ya pili, safari hii kwa kumbukumbu safi kabisa zisizo na kalamu ya bluu.

Basi, Mwenyekiti, nakaa. Maswali nayapokea. Ila mwenye kesi iliyoko mahakamani sasa hivi, tafadhali anione pembeni wakati wa chai, si hapa kwenye kipaza sauti. Ninamwona mmoja ameshanyanyua mkono, na wakili wa upande wa pili amekaa nyuma yake safu mbili tu.